Deni la Kivuli

Mwanzoni mwa mwaka jana nilivuka mpaka pale Mutukula, nikapita Masaka, nikafika Entebbe kumwona binti yangu ambaye ameolewa huko. Siku ya tatu mkwe wangu alinipeleka kwenye bustani ya mimea iliyo kando ya ziwa, akaniacha hadi jioni, kwa kuwa anaamini kwamba mwalimu mstaafu akipewa miti na mahali pa kukaa hahitaji kitu kingine. Alikosea kidogo. Mfukoni nilikuwa na barua ambayo nilikuwa sijaijibu kwa majuma matatu, na barua isiyojibiwa humsumbua mtu popote aketipo.

Habari ya barua hiyo nitaieleza mbele. Kwanza nimweleze msomaji juu ya bustani, maana bila bustani ile nisingejua la kujibu.

Bustani ya Entebbe ilianzishwa mwaka 1898, miaka minne baada ya Uingereza kuitangaza Uganda kuwa chini ya himaya yake. Mtunzaji wake wa kwanza, Alexander Whyte, alikuwa amekwisha kufanya kazi ya mimea huko Nyasaland, ambayo leo ni Malawi. Eneo lake ni kiasi cha hekta 40, nalo linateremka polepole mpaka kwenye maji. Ndani yake mna zaidi ya aina 300 za mimea. Ipo mivule na mikangazi ya nchi yenyewe. Ipo michikichi na jamaa zake kutoka pande nyingi za dunia. Ipo mikakao, mibuni na mipira. Kimebakizwa pia kipande cha msitu wa asili, wenye kamba za miti zinazoning'inia na giza la mchana. Juu ya matawi mbega hukaa na mikia yao meupe wakiwatazama watu kama wazee wa baraza.

Wageni wengi hudhani bustani hiyo ilipandwa kwa ajili ya kupendeza macho. La hasha. Ilikuwa shamba la majaribio. Watawala walitaka kujua ni mmea gani wa kigeni utakaostawi katika udongo wa Uganda na kuleta fedha: mpira, kakao, chai, kahawa. Nchi ilipaswa kujilipia gharama za kutawaliwa. Mkataba wa mwaka 1900 baina ya Waingereza na Buganda uliweka kodi ya rupia 3 kwa kila nyumba, na mtu anayetozwa rupia lazima apate kitu cha kuuza. Kwa hiyo kivuli kile kizuri ambacho nilikuwa nimekikalia kilianza kama hesabu ndani ya daftari la kodi.

Kijana mmoja anayewatembeza wageni alinikaribia. "Shikamoo, Mzee," akasema kwa Kiswahili chake cha Kampala, kisha akaniongoza hadi kwenye mpira mmoja mkubwa. Akalichuna gome kidogo kwa ukucha, yakatoka maziwa meupe. Nilipoyagusa yalinata vidoleni, nami nikakumbuka somo nililolifundisha kwa miaka mingi. Mwaka 1876 Mwingereza aitwaye Henry Wickham alizichukua mbegu za mpira zipatazo 70,000 kutoka Brazil, akazipeleka kwenye bustani ya Kew, London. Zilizoota zilikuwa chache, lakini zilitosha. Miche yake ilipelekwa Ceylon na Singapore, na baada ya miaka arobaini hivi biashara ya mpira ya Brazil ilikuwa imeporomoka. Hivyo ndivyo bustani za namna hii zilivyofanya kazi: mti uliotolewa kwa mmoja unamlisha mwingine, na katikati yupo mtu mwenye mizani.

Kisha akanionyesha mbuni. Hapo nilicheka, naye akashangaa. Nilimweleza kwamba sisi wa upande wa Bukoba tulikuwa tukitafuna kahawa kabla ya Mzungu yeyote kuonekana ziwani. Mgeni akifika hupewa buni zilizochemshwa na kukaushwa, azitafune huku akisubiri chakula. Wahaya na Waganda pia walifunga udugu wa damu kwa buni: wawili hugawana punje mbili za tunda moja, kila mmoja akaila nusu yake pamoja na damu ya mwenzake, na tangu siku hiyo hawawezi kudhulumiana. Kahawa hiyo ilikuwa ikiota porini katika misitu ya nchi hizi. Jina lake la Kilatini lilipatikana mwaka 1897, mwaka mmoja tu kabla ya bustani kuanzishwa. Mtoto alikuwa mzee mwenye wajukuu ndipo akaja mtu kumpa jina.

Nilipobaki peke yangu niliwaza habari ya watu. Miti mingi ina kibao chenye jina lake na nchi ulikotoka. Hakuna kibao chenye jina la aliyechimba shimo. Treni ilifika Kisumu mwezi Desemba 1901. Kabla ya hapo, kwa sehemu kubwa ya njia kutoka pwani hadi ziwani, mzigo ulikwenda juu ya kichwa cha mtu, kilo 30 hivi kila mmoja, na mtu huyo aliitwa mpagazi, basi. Wapagazi hao ndio walioieneza lugha hii ninayoandikia. Walioifyeka ardhi ya bustani, walioteka maji ziwani na kunyweshea miche wakati wa kiangazi, nao hawana kibao.

Tena kuna jambo zito zaidi. Miaka ile ile ambayo bustani ilikuwa ikikua, ugonjwa wa malale uliushambulia mwambao wa ziwa. Zaidi ya watu 200,000 walikufa katika Buganda na Busoga. Pale pale Entebbe, mwaka 1903, David Bruce na wenzake walithibitisha kwamba mbung'o ndiye aliyekuwa akiueneza. Hatimaye serikali iliwaondoa watu waliosalia ufukweni, kisha na wale wa visiwa vya Ssese, wakaacha migomba yao na makaburi ya wazee wao. Sisemi kwamba kuwaondoa kulikuwa uovu. Huenda kuliokoa maisha ya wengi. Nasema tu kwamba wakati miche ya mpira ikihesabiwa na kuandikwa mmoja mmoja, watu walikuwa wakihesabiwa kwa maelfu.

Basi swali likanijia, nami namwomba msomaji aliwaze pamoja nami. Je, ni halali kufurahia kivuli cha mti uliopandwa kwa nia isiyo njema, au kwa jasho la mtu aliyedhulumiwa? Na kama ni halali, je, uzuri wa kivuli unaifuta ile dhuluma?

Yapo majibu matatu ambayo nimeyasikia maishani.

Jibu la kwanza husema: yaliyopita si ndwele. Ukipewa embe, kula. Usiulize aliyeupanda mwembe alikuwa mtu wa namna gani. Jibu hili lina raha yake, na wengi wetu huishi kwalo. Lakini tazama linatuambia nini. Linatuambia kwamba mwenye kudhulumu afanye haraka apande kitu, kisha akae akisubiri kiote, maana siku kitakapotoa kivuli hesabu yake itafutwa. Sidhani kama yupo mzazi atakayependa mtoto wake afundishwe hivyo.

Jibu la pili ni la vijana, nami nililishika nilipokuwa mwanafunzi wa chuo cha ualimu katika miaka ya Azimio la Arusha. Husema: mti uliopandwa na dhalimu ung'olewe. Tulikuwa na hasira njema, lakini tulikuwa hatujaangalia sahani zetu. Muhogo na mahindi yalitoka Amerika katika majahazi ya Wareno. Mwembe ulitoka India. Mgomba wenyewe, ambao bila huo Mhaya huona hajala, asili yake ni kusini mashariki ya Asia. Waswahili husema mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Miti hiyo ilikwisha kupewa jembe zamani, nayo imelima kuliko wenyeji. Ukiung'oa mti kwa kosa la mpandaji unawaadhibu walio hai kwa ajili ya mfu ambaye hasikii.

Tena nia na matunda hayafuatani kama tunavyodhani. Sisi wa Kagera tunalijua gugu maji. Ni mmea wa Amerika ya Kusini ulioenezwa duniani na watu walioupenda ua lake la zambarau. Walitaka kupamba mabwawa yao tu. Mwishoni mwa miaka ya 1980 likawa limeingia katika Ziwa Victoria, mto Kagera ukiwa mojawapo ya njia zake, na katika miaka ya 1990 nimeona mitumbwi imeshindwa kutoka mwaloni, na kina mama wakiyasukuma majani kwa miti ili wapate ndoo moja ya maji. Ilibidi waletwe wadudu wa kulila ndipo lipungue. Aliyependa ua alituletea balaa. Aliyetaka kodi alituachia kivuli. Kwa hiyo mti si shahidi wa kuaminika juu ya moyo wa mpandaji. Hauwezi kumshitaki, na hauwezi kumsafisha.

Jibu la tatu ndilo lililonijia pale chini ya mvule. Daftari la duka lina kurasa mbili. Upande mmoja huandikwa mali iliyopo, na upande wa pili huandikwa madeni. Duka linaweza kujaa mali huku deni likiwa pale pale. Mwenye duka akimwambia mdai wake, "Tazama rafu zangu zilivyopendeza," mdai atamjibu, "Nimeziona. Lete changu." Kivuli ni mali, wala tusikikane. Deni ni deni, wala kivuli hakilifuti. Tunakosea tunapotaka ukurasa mmoja uufute mwingine.

Nilifurahi kwa kulipata jibu hilo, kama mwalimu anavyofurahi hesabu inapotoka sawa ubaoni. Ndipo nilipoikumbuka barua.

Barua ilitoka kwa kamati ya shule ya msingi niliyoiongoza kwa miaka 14. Shule ilikuwa inakaribia kutimiza miaka 50, na kamati ilipenda kuweka jiwe kwenye miembe iliyo mbele ya madarasa, liandikwe jina langu kuwa ndiye niliyewaachia watoto kivuli. Miembe hiyo ni 30. Imepandwa kwa mistari mitatu iliyonyooka, na kila mgeni anayefika huisifu. Kwa miaka mingi nimekuwa nikizipokea sifa hizo kwa kuinamisha kichwa, ishara ambayo watu huidhania kuwa ni unyenyekevu.

Miembe ile sikuipanda mimi. Mwaka 1986 zilipotea fedha za mahafali, shilingi 1,800, kutoka katika ofisi yangu. Mvulana mmoja wa darasa la saba alikuwa ameonekana karibu na mlango. Nilimwita, akakana. Nilimwita tena, akakana na kulia, nami nikakichukua kilio kuwa ndiyo ushahidi. Adhabu yangu ilikuwa achimbe mashimo 30 ya futi mbili, apande miche ya miembe, na ainyweshee kwa maji ya ziwani asubuhi na jioni. Njia ya ziwani ni mteremko mkali. Wenzake walikuwa wakimpita na ndoo yake, wakimwita jina ambalo sitaliandika.

Juma la tatu nilizikuta fedha. Zilikuwa ndani ya kabati, katikati ya madaftari ya mahudhurio, mahali nilipoziweka kwa mkono wangu mwenyewe nikasahau. Nilisimama nazo mkononi kwa muda mrefu. Nilikuwa na miaka 36, mkuu wa shule, ninaheshimiwa na walimu na wazazi. Siku iliyofuata nilimwita yule mvulana mbele ya mstari wa asubuhi, nikatangaza kwamba nimemsamehe.

Msomaji aliangalie neno hilo. Nilimsamehe kosa langu mimi.

Baba yake alimtoa shuleni kabla ya mtihani, kwa aibu. Kijana akaenda mwaloni kuvua. Miche yake ilikuwa imeshika, mvua za mwaka ule zilikuwa nzuri, na mimi nikaanza kusifiwa kwa kupenda mazingira.

Nilipokuwa nimekaa pale Entebbe nikiwahukumu Waingereza kwa wapagazi wasio na kibao, nilikumbuka jambo ambalo yule kijana mtembezaji alinisimulia. Jina Entebbe latokana na neno la Kiganda lenye maana ya kiti. Husimuliwa kwamba hapo ndipo mkuu mmoja wa kale aitwaye Mugula alipokalia kiti chake akikata mashauri ya watu. Nami nilikuwa na kiti changu. Kilikuwa cha mninga, nyuma ya meza, na mtu hakuhitaji kutoka Uingereza ili akikalie.

Niliporudi nyumbani sikuijibu barua. Nilikwenda mwaloni. Yule mvulana sasa ni mtu mzima mwenye mitumbwi miwili na wajukuu, anauza dagaa. Aliniona, akanawa mikono, akaja.

"Shikamoo, Mwalimu."

"Marahaba." Ilinichoma kuipokea ile shikamoo. Nilimwambia yote, nikiwa nimesimama, kwa sababu sikuweza kukaa. Alisikiliza akiutazama wavu uliokuwa ukianikwa.

"Mwalimu, mimi nilijua," akasema. "Siku ile uliposema umenisamehe hukunitazama usoni. Nilijua umeziona."

Nilimweleza juu ya jiwe. Nilimwambia nimeamua liandikwe jina lake badala ya langu, nikadhani atafurahi. Alitikisa kichwa. "Usiniandike. Watoto watauliza huyu alipanda kwa nini, na wakubwa watawajibu. Utakuwa umeniita mwizi tena, safari hii juu ya jiwe." Kisha akanyamaza kidogo, akasema, "Mama yangu bado yuko. Mpaka leo hajawahi kula embe la shule. Kama una neno, kamwambie yeye, halafu useme mbele za watu kwa mdomo wako. Jiwe halina mdomo."

Naungama kwamba nilikuwa nimekwenda kwake nikiwa na jibu langu zuri la Entebbe, la daftari na kurasa mbili, tena nikitaka kuandika ukurasa wa deni kwa mwandiko ninaoupenda mwenyewe. Hata katika kulipa nilitaka nichague sarafu. Yeye alinionyesha kwamba anayedaiwa hachagui. Mwenye kudai ndiye asemaye alichopoteza. Yeye alikuwa amepoteza jina lake jema machoni pa mama yake na jirani zake, na hicho ndicho kilichopaswa kurudishwa, mahali pale pale kilipochukuliwa.

Nilikwenda kwa mama yake. Aliniwekea kigoda, akanisikiliza hadi mwisho. Hakulia wala hakunishukuru. Aliniuliza swali moja tu: "Baba yake alikufa akiamini nini?" Nilimjibu ukweli, kwamba alikufa akiamini nilichosema mimi. Deni hilo halilipiki, na sikujifanya kuwa linalipika.

Siku ya sherehe za shule niliomba nafasi ya kusema. Nilisimama chini ya miembe nikaeleza habari ya shilingi 1,800, ya kabati, na ya neno "nimemsamehe". Baadhi ya wazee waliokuwa wanafunzi siku ile ya mstari waliinamisha vichwa. Nadhani walilikumbuka lile jina walilokuwa wakimwita. Watu wengine waliona kwamba nimeiharibu sherehe, na mjumbe mmoja wa kamati aliniambia waziwazi kwamba mambo hayo yalitakiwa kubaki nyumbani. Jiwe halikuwekwa. Mama yule alikuwepo, akakaa hadi mwisho, akaondoka akimshika mwanawe mkono. Hakuchukua embe, wala sikutazamia achukue.

Nimeyaandika haya nikiwa na miaka sabini na kadhaa, umri ambao watu huanza kumsifu mtu kwa kivuli chake. Sijambo jingine la kufundisha ila hili. Bustani ya Entebbe naipenda, nami nikijaliwa nitakwenda tena. Leo ndani yake inatunzwa benki ya mbegu za taifa, ambamo mbegu za mimea ya Uganda huhifadhiwa kwa ajili ya Waganda wenyewe. Shamba la majaribio la mtawala limekuwa ghala la mwenyeji, na hiyo ni mali ya kweli ya ukurasa wa kwanza. Nitakaa chini ya mvule, nitafurahi, nitawataja moyoni wapagazi na watu wa mwambao. Kutaja huko ndiko tunakoweza kuwalipa wale waliokwisha kufa.

Lakini kwa walio hai kutaja moyoni hakutoshi. Kama upo mti unaosifiwa kwao, msomaji wangu, nawe unajua shimo lake lilichimbwa na nani na kwa nini, usingoje mpaka mama yake mtu afe. Nenda ukiwa bado unaweza kutembea. Usiende na jiwe.